UZI: Ombre ya kucha nyumbani kwa rangi za kawaida, sponji na kipande cha kavera

KuchaZaKansanga (mwenye uzi)

Habari zenu wote. Tangu niweke ile picha ya kucha za zambarau zinazoingia kwenye waridi (hiyo ndiyo ombre, rangi moja inayeyukia kwenye nyingine bila mstari), watu wananiuliza saluni gani Kampala. Hakuna saluni. Ni nyumbani, meza ya kulia chakula, rangi za kawaida za kukauka na hewa. Nimeona niandike hapa mara moja ili nisirudie kwa kila mtu. Ya jeli na taa (rangi inayogandishwa kwa mwanga wa taa maalumu) atakayetaka aulize, ila mimi simshauri anayeanza aanzie huko.

Kwanza mtoe wazo kwamba ombre ni ya rangi za bei kubwa. Hizi chupa ndogo za maduka ya Kikuubo, hapa Kampala, zinatosha kabisa. Cha kuangalia ni kama rangi bado nyepesi. Inua brashi, tone lidondoke lenyewe. Likivutika kama ute wa bamia, hiyo chupa iache, hata ukibembeleza vipi itakupa mabonge. Na usiiokoe kwa asetoni (maji ya kufutia rangi). Najua wengi mnafanya hivyo. Asetoni inaruka haraka mno, rangi inalainika kwa siku moja halafu inakuwa ngumu kuliko mwanzo na haishiki tena vizuri. Kuna maji maalumu ya kulainisha rangi, yametengenezwa na viyeyushi vilevile vilivyo ndani ya chupa. Matone mawili yanatosha. Na usiitikise chupa, izungushe katikati ya viganja, mapovu yatapungua.

Sponji ndiyo kazi yenyewe. Nunua zile za pembetatu za kupakia poda usoni. Matundu yake ni madogo sana, kwa hiyo rangi inatua kama vumbi, jicho halioni ilipoanzia wala ilipoishia. Sponji ya vyombo ina matundu makubwa, kila tundu linaacha povu lake juu ya kucha. Kipande cha godoro ni hivyohivyo. Nimeona mtu anashauri godoro kwenye video, sikubaliani naye.

Vingine: nyeupe moja, beskoti (ya kupaka chini kabla ya rangi), topkoti (ya wazi ya kumalizia juu), asetoni, pamba, kijiti cha meno, brashi nyembamba (ya zamani ya midomo inafaa), gundi nyeupe ya shule, na kipande cha kavera safi (mfuko laini wa plastiki). Kavera ndiyo sahani yako ya kuchanganyia. Asetoni haiiyeyushi, na rangi ikikauka juu yake unaibandua yote kwa mkono. Msitumie vile vikombe vya plastiki ngumu inayovunjika kama kioo, asetoni inavilainisha na utaharibu meza ya watu.

Sasa kazi. Futa kucha zote kwa asetoni hata kama hazina rangi. Mafuta ya mwilini ndiyo yanayofanya rangi ibanduke siku ya pili, na sisi hapa tunajipaka mafuta kila asubuhi. Paka beskoti, hasa ukitumia nyekundu au bluu nzito, la sivyo kucha zitabaki na madoa ya njano. Halafu nyeupe, tabaka moja au mawili membamba. Nyeupe ndiyo inayofanya waridi ionekane waridi. Bila hiyo rangi nyingi za bei nafuu zinamezwa na rangi ya kucha na unabaki unashangaa mbona picha ilikuwa inawaka.

Hapa ndipo wengi wanaharibu: NYEUPE IKAUKE. Si kukauka kwa kugusa na kidole. Ipe dakika 15 hadi 20 mbele ya feni au dirishani. Ukiwahi, sponji itaing'oa nyeupe yote na utaanza upya.

Ikiwa inakauka, paka gundi ya shule kwenye ngozi inayozunguka kucha na uiache iwe kama kioo. Sponji inachafua kidole mpaka kwenye kiungo, hilo huliepuki. Ukimaliza unaibandua gundi na uchafu wake wote. Asiye na gundi atumie mafuta ya mgando, lakini kwa kijiti cha pamba na kwa uangalifu, yakigusa kucha ndiyo basi.

Loweka sponji kwenye maji, ikamue kwa nguvu, ikamulie tena ndani ya kitambaa. Iwe na unyevu tu ili isinywe rangi yote. Chora michirizi miwili ya rangi juu ya sponji kwa brashi za chupa, moja kando ya nyingine, na iingiliane kidogo hapo katikati. Upana wa michirizi yote miwili uwe sawa na urefu wa kucha yako, ndiyo maana kidole gumba kina sponji yake na kidole kidogo kina yake. Gonga sponji kwenye kavera mara moja kuondoa rangi iliyozidi. Halafu gonga kwenye kucha. Nasema GONGA, si kusugua wala kuvuta. Gonga na kuinua, huku mkono unapanda na kushuka kidogo sana, milimita moja hivi. Huo mtikisiko mdogo ndio unaofuta mstari wa katikati.

Raundi ya kwanza itakuwa mbaya. Itakuwa na mabaka, nyeupe inachungulia, utatamani kufuta. Usifute. Nenda vidole vingine, ukirudi cha kwanza kimeshakauka juujuu, paka sponji rangi upya na ugonge tena. Kwa kawaida ni raundi mbili au tatu. Ombre inatoka kwenye tabaka nyembamba nyingi. Anayetaka imalize kwa raundi moja anaweka rangi nzito, inateleza, na mwisho anasema sponji yake mbovu.

Baada ya hapo kucha itakuwa na vipele vidogo. Ni kawaida. Topkoti ndiyo inayovimaliza, kwa sababu viyeyushi vyake vinalainisha kidogo rangi ya juu na kuifanya ijisambaze. Kwa hiyo hata mchanganyiko wenyewe unaiva hapo mwisho. Weka tone nono, liongoze taratibu kwa brashi bila kukandamiza, brashi isiguse rangi, itelezee juu ya tone. Pitisha pia kwenye ncha ya kucha, pale panapogonga vitu. Bandua gundi, safisha pembeni kwa brashi nyembamba yenye asetoni, umemaliza.

Ah, na neno moja la hatari. Umeme ukiondoka usiku msiwashe mshumaa pembeni mkaendelea. Wala msikae karibu na sigiri. Mvuke wa asetoni unashika moto hata pakiwa na baridi, na hauonekani. Tumia tochi ya simu au ngoja kesho.

Mbale_Elgon

Asante dada. Mimi nilifanya nyekundu na kijani, nikafuata karibu kila kitu ulichosema, lakini katikati ikatoka rangi ya matope. Nini shida?

KuchaZaKansanga

@Mbale_Elgon mikono yako haina kosa, ni rangi zenyewe. Nyekundu na kijani zikichanganyika zinakulana, unapata kahawia. Zambarau na njano hivyohivyo, na machungwa na bluu. Rangi zinazotazamana zinazaa matope.

Chukua zile zinazokaa jirani. Nyekundu na njano: katikati inakuja machungwa safi. Bluu na njano: kijani. Waridi na bluu: zambarau. Hapo mchanganyiko unakuongezea rangi ya tatu ambayo hukuinunua. Kama moyo wako uko kwenye nyekundu na kijani tu, acha utepe wa nyeupe katikati, zikutane na nyeupe kila moja kwa upande wake. Itakuwa laini, ingawa mimi naona inakuwa kama karatasi ya kufungia zawadi.

Kabla ya kuchafua kucha, chukua kijiti cha meno, changanya matone mawili kwenye kavera. Ukipenda unachokiona pale, utapenda na kwenye kucha.

FundiWaKapu

Mimi ni mmoja wa hawa vijana mnaotuona na kapu la rangi, natembea Wandegeya hadi Makerere. Nimesoma yote, dada anajua kazi. Ila kwenye sponji ya maji sikubaliani. Mimi natumia kavu. Sponji ya maji mteja akikaa juani povu zinatokea. Rangi ya kucha na maji si ndugu.

Kuhusu kunywa rangi, nakata kipande kidogo sana, kama ukucha wenyewe, nakishika kwa kibanio. Kinakunywa kidogo tu. Na nakitupa. Kila mteja kipande chake, kwa sababu kuna wateja wana fangasi chini ya kucha na huwezi kumwambia mtu mbele za watu.

Na mnaouliza mbona sisi wa kapu hatupigi ombre sana: muda. Rangi moja nakupaka huku unasubiri taksi. Ombre inataka ukae, na mteja wa barabarani hakai.

KuchaZaKansanga

@FundiWaKapu karibu sana ssebo. Povu zinatokana na sponji iliyobaki na maji, ndiyo maana nikasema ikamulie ndani ya kitambaa. Kwa mtu wa nyumbani anayetumia sponji nzima, kavu itamaliza chupa. Lakini hiyo ya kukata kipande kidogo na kukishika kwa kibanio nimeipenda, naichukua. Asiyetaka habari za maji afuate ya fundi.

Ssalongo_K

Mimi nasoma tu. Swali: mikono hiyo itafua saa ngapi? Itamenya matooke saa ngapi?

KuchaZaKansanga

@Ssalongo_K kwani wewe mikono yako ina nini ssebo? 😂

Haya, nijibu kwa faida ya wengine. Matooke hayaharibu rangi. Utomvu wake unachafua ngozi na kucha tupu, kucha yenye topkoti unaifuta tu. Kinachoua rangi ni kukaa ndani ya maji. Kucha inakunywa maji inatanuka, ikikauka inarudi, rangi juu yake haiwezi kuifuata, inapasuka kuanzia nchani. Kwa hiyo fua na glavu, na kila baada ya siku mbili tatu ongeza topkoti nyembamba. Ombre ina tabaka nyingi, ikianza kubanduka inabanduka kipande kizima.

Mama_wa_Jinja

Dada naomba msaada wa haraka. Mdogo wangu ana kwanjula (sherehe ya kumtambulisha mchumba nyumbani) Jumamosi, atavaa gomesi ya rangi ya dhahabu iliyoiva. Kucha zake ni fupi kabisa, anafanya kazi jikoni. Hataki bandia. Tulinunua hiyo rangi ya "ngozi", tukampaka akaonekana kama ametoka kwenye unga wa muhogo. Tufanye nini?

KuchaZaKansanga

@Mama_wa_Jinja hongereni! Huo unga wa muhogo naujua. Rangi nyingi zinazouzwa kama rangi ya ngozi zimechanganywa kwa ngozi ya Mzungu, waridi iliyopauka. Kwenye ngozi yetu inageuka kijivu. Msiitupe. Weka matone yake kama manne kwenye kavera, ongeza tone moja la kahawia ya joto, ile yenye wekundu ndani, changanya kwa kijiti, sogeza karibu na kidole chake mchana, si chini ya taa. Ongeza kidogokidogo mpaka ikaribie rangi ya ngozi ya kiungo cha kidole. Hiyo ndiyo rangi yake ya chini.

Kwa kucha fupi msiweke rangi tatu, hazina pa kukaa. Mbili tu: hiyo mliyochanganya kwenye shina la kucha, na dhahabu nchani. Dhahabu yenye chembe za kung'aa ni rahisi kuliko yote. Hata sponji si lazima muiloweke: paka rangi ya ngozi kucha nzima, ikauke, halafu gonga dhahabu nchani kwa sponji, rudi tena nchani peke yake, chembe zinapungua zenyewe kuelekea katikati. Chembe zinaficha kila kosa. Na ombre inayotoka shina kwenda ncha inarefusha kidole machoni, kwa kucha fupi ni nzuri. Msiifanye ya kutoka ubavu kwenda ubavu, itazinenepesha.

Sasa muda. Usimpake Jumamosi asubuhi! Rangi inaonekana imekauka kwa dakika kumi lakini ndani inaendelea kuwa laini kwa saa nyingi, na hii ina tabaka tano au sita. Mpakeni Ijumaa mchana. Baada ya hapo asiingie maji ya moto, asipike, asioshe chombo. Mwacheni akae kama malkia. Akilala mapema sana ataamka na alama za shuka kwenye kucha, kwa hiyo mpaka saa nne usiku awe bado anapiga stori na mashangazi. Maji ya barafu mnayoambiwa yanakausha rangi yanaifanya ngumu juujuu tu, viyeyushi vinabaki ndani.

Siku hiyo mikono yake itaangaliwa akipiga magoti kusalimia, na mpiga picha hatawaacha, basi zaidi ya rangi shughulikieni ngozi inayozunguka kucha. Mafuta usiku baada ya rangi kukauka.

Mama_wa_Jinja

Banange, asante sana. Tone la kahawia! Tulikuwa tunakwenda kununua nyingine.

BintiBombo

Salaam alaykum. Mimi napenda sana lakini ninaswali, na nyumbani kwetu bibi hataki hata kuona chupa ya rangi. Kuna namna?

KuchaZaKansanga

Wa alaykumu salaam dada yangu. Rangi inaweka utando na maji hayafiki kwenye kucha, kwa hiyo udhu hautimii, hapo bibi ana haki na wanazuoni wengi wako upande wake. Wengi wanapaka siku zile ambazo hawaswali, kisha wanafuta kabla ya kuoga. Hizi zinazouzwa kwamba zinapitisha maji mimi siwezi kukuambia uzitegemee, ulizia kwa unaowaamini.

Lakini wewe una hina, na hina inafanya ombre kuliko rangi yoyote. Yenyewe inaingia ndani ya kucha, haiwi utando. Koroga hina ya unga, ya kawaida ya kijani, funika kucha nzima kwa muda mfupi mpaka ipate machungwa hafifu. Osha. Halafu rudia kwenye nusu ya mbele peke yake, uiache zaidi. Mwisho nchani tu, ikiwezekana ulale nayo. Utapata machungwa inayoiva mpaka kahawia nzito. Ile mipaka ilainishe kwa kupaka hina nyembamba ukingoni, usiweke bonge lenye ukuta.

Jua tu kwamba haifutiki. Kucha ya mkono inakua kama milimita 3 kwa mwezi, itatoka kwa kukua. Na ile "hina nyeusi" ya haraka usiiguse. Nyingi imetiwa dawa ya kutia nywele rangi inayoitwa PPD, inababua ngozi na wengine wanabaki na makovu.

BintiBombo

Bibi kasema hii ya hina yeye alikuwa anaifanya kabla mama hajazaliwa, na kwamba unaongeza chai ya rangi nzito kwenye kukorogea badala ya maji. Anataka nikuambie hivyo hivyo.

KuchaZaKansanga

Msalimie hajati. Uchachu kidogo nao unasaidia hina iachie rangi yake, ndimu kidogo. Lakini nafuata ya bibi.

Mpakani_Bwera

Mimi nilinunua ile taa ndogo ya kuchomeka kwenye pawabanki, soko la Mpondwe, na chupa tatu za jeli. Naweza kufanya ombre ya jeli? Umeme kwetu ni wa kubahatisha, ndiyo maana nikapenda taa ya pawabanki.

KuchaZaKansanga

Unaweza, na kwa kweli jeli inachanganyika vizuri kuliko rangi ya kawaida kwa sababu haikauki mpaka uiweke kwenye taa. Unapaka rangi mbili, unazivutana katikati kwa brashi kavu nyembamba, una muda wote wa dunia, halafu unaingiza mkono. Tabaka nyembamba, choma, rudia, choma.

Hofu yangu ni hizo taa ndogo. Jeli ni kemikali ambazo mwanga unazifunga ziwe plastiki. Mwanga ukiwa hafifu, juu inakuwa ngumu lakini chini inabaki mbichi, na hiyo mbichi ndiyo inayoleta mzio: vidole vinawasha, vinavimba, kucha inaachana na nyama. Kemikali inayolaumiwa zaidi ni HEMA. Na mtu akishapata mzio wake haachani nao tena, hata kwa daktari wa meno inaweza kuwa tabu maana baadhi ya dawa za kuzibia meno ni za ukoo huo. Kwa hiyo jeli isiguse ngozi kabisa. Ikigusa, futa KABLA ya taa. Tumia taa na jeli za kampuni moja kama unazipata, na soma kopo: Umoja wa Ulaya umeipiga marufuku TPO (kemikali inayoisaidia jeli kuganda kwenye taa) kwenye vipodozi tangu tarehe 1 Septemba 2025, na mzigo ambao hautakiwi kule sitashangaa kuukuta kwenye masoko yetu kwa bei ya kutupa.

Pawabanki ikipungua katikati ya kazi taa inafifia nawe hujui. Ijaze kabla.

Na usichanganye mambo mawili: rangi ya kawaida ndani ya taa haichomeki. Jeli bila taa haitakauka hata ukingoja Krismasi.

MuuguziMbarara

Naongezea kwa wenzangu wa wodini. Msijaribu kupeleka ombre kazini. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani kuhusu usafi wa mikono unataka mhudumu anayegusa wagonjwa asiwe na kucha bandia, na kucha zake za asili ziwe fupi, chini ya nusu sentimita. Hospitali nyingi zinakataza na rangi. Mimi ombre yangu iko miguuni, ndani ya viatu vyangu, hakuna anayejua.

Kwa miguu napiga ombre kwenye kidole kikubwa tu, vingine napaka rangi moja moja kutoka nyepesi mpaka nzito. Inapendeza na sipati kuvunjika mgongo.

KuchaZaKansanga

@MuuguziMbarara hiyo ya mwisho nilisahau kuisema na ndiyo rahisi kuliko zote! Haihitaji sponji. Kidole gumba rangi yenyewe, kinachofuata matone matatu ya rangi na moja la nyeupe, kinachofuata nusu kwa nusu, kisha moja kwa matatu, cha mwisho karibu nyeupe. Changanya kwenye kavera, paka mara moja kabla haijaganda. Anayeogopa sponji aanzie hapa.

MwanafunziGulu

Dada, mimi niko likizo, shule ikifunguliwa lazima kucha ziwe safi, matroni anakagua getini. Asetoni sina. Kaka anasema petroli inatoa. Kweli?

KuchaZaKansanga

Hapana! Petroli hapana, tina ya fundi rangi hapana. Hiyo ni sumu kwenye ngozi na moto mikononi. Mwambie kaka akae kimya.

Kwa mwanafunzi kuna njia nzuri. Ile gundi nyeupe ya shule, ipake kwenye kucha yenyewe badala ya beskoti. Ikauke iwe wazi. Juu yake fanya ombre yako yote. Siku ya kurudi shule loweka vidole kwenye maji ya vuguvugu, sukuma kwa kijiti, inatoka nzima. Haitadumu wiki, lakini wewe huhitaji wiki.

Kama umeshapaka bila gundi na asetoni hakuna: chukua rangi yoyote, ipake mbichi juu ya ile ya zamani na uifute papo hapo kwa pamba. Viyeyushi vya rangi mpya vinaiyeyusha ya zamani. Inachafua, inahitaji uvumilivu, lakini inatoa. Usikwangue kwa wembe, utaondoka na ngozi ya juu ya kucha.

Halafu wewe uko Gulu, una moo yaa (mafuta ya shea) mlangoni! Sisi huku tunayanunua ghali. Paka kwenye kucha na ngozi yake kila usiku ukishatoa rangi, asetoni inakausha sana.

Mbale_Elgon

Nimerudi. Nimefanya waridi na bluu, zambarau imekuja yenyewe katikati! Sasa nina mambo mawili. Moja, nataka za bendera ya Uganda kwa tarehe 9 Oktoba, siku ya uhuru, nyeusi njano nyekundu. Wakati wa mashindano ya mpira ya CHAN mwaka 2025 niliona watu uwanja wa Namboole wamepaka vidole vitatu vitatu, mimi nataka ombre kwenye kucha moja. Pili, mkono wa kushoto nimeweza, wa kulia umekuwa aibu.

KuchaZaKansanga

Bendera ina mtego. Njano na nyekundu hazina neno, zinakupa machungwa. Lakini nyeusi na njano zikikutana mbichi zinatoa kijani cha majani yaliyooza, na hakuna kijani kwenye bendera yetu. Kwa hiyo usizipange zote tatu kwenye sponji moja. Paka nyeupe, kisha njano kucha nzima, tabaka mbili, ikauke sawasawa. Sponji ya kwanza ina nyekundu na njano, gonga kuanzia nchani mpaka katikati. Ngoja ikauke. Sponji nyingine, kavu, yenye nyeusi kidogo sana uliyoipunguza kwenye kavera, gonga shina tu, wepesi, tabaka baada ya tabaka. Usiingize nyeusi kwenye njano, iache ikome yenyewe kwa vidoa. Hapo kavu ya @FundiWaKapu inashinda ya maji.

Korongo, yule ndege wa katikati ya bendera, sahau. Doa jeupe katikati kwa kichwa cha pini, watu wataelewa.

Mkono wa kulia: anza nao, ukiwa bado hujachoka. Na usihangaike kuipeleka sponji kwa mkono wa kushoto. Ibandike sponji ukingoni mwa meza kwa selotepu, rangi ikitazama juu, halafu kidole ndicho kiifuate. Bonyeza kucha kwenye sponji, inua, bingirisha kidogo kushoto na kulia ili pembe zishike. Mkono wa kushoto kazi yake ni kushikilia meza.

FundiWaKapu

Au aje Wandegeya na mkono wa kulia peke yake, namtoza nusu bei.